Mwaka 1962 vita vya nyuklia vilizuiwa na mazungumzo au na vitisho?

Mwalimu wa Malaba

Habari za jioni, wakubwa kwa wadogo. Nafundisha historia shule ya sekondari huku Malaba, na nina deni kwa wanafunzi wangu wa S.3 ambalo nimeshindwa kulilipa kwa wiki nzima.

Tulikuwa kwenye mgogoro wa makombora ya Cuba, Oktoba 1962. Kitabu tulicho nacho kinaumaliza kwa mistari michache tu: Wasovieti walipeleka makombora ya nyuklia Cuba, Kennedy, Rais wa Marekani, akaizingira Cuba kwa manowari, Khrushchev, kiongozi wa Wasovieti, akaogopa, akayarudisha makombora yake nyumbani. Nami nilifundishwa hivyohivyo nilipokuwa msichana. Wavulana wa viti vya nyuma wakashangilia kama watu waliotoka kutazama mpira. Mmoja akasema, "Kumbe ukikaza, mwenzako anakimbia." Nikahisi kuna kitu hakijakaa sawa, lakini sikuwa na neno la kumjibu.

Halafu msichana mmoja, ambaye mama yake anauza samaki karibu na mpaka, akanyoosha mkono. "Mwalimu, kwetu mtu akishashika panga hasikii tena maneno. Hawa walikuwa wameshika mabomu. Walisikilizanaje?"

Kengele ikaniokoa. Nikamwambia nitamjibu. Najua palikuwa na barua, jina la U Thant wa Umoja wa Mataifa nalijua, na nimewahi kusikia habari ya makombora ya Uturuki. Kinachonishinda ni kuviunganisha. Nani alimwambia nani nini, na kwa nini yule wa pili alikubali? Naomba msaada kabla ya Alhamisi.

Afande Mstaafu

Mwalimu, salaam. Nilivaa gwanda miaka ishirini na miwili, kwa hiyo nasema kama askari.

Yule kijana wako hajakosea sana. Jumatano tarehe 24 Oktoba mzingiro wa baharini ulianza kazi, na meli za Kisovieti zilizobeba silaha zikasimama au zikageuza. Siku hiyohiyo ndege za Marekani za kubeba mabomu ya nyuklia ziliwekwa kwenye tahadhari ya hatua moja tu kabla ya vita, na Moscow ilijua. Barua ni kitu kizuri, lakini husomwa haraka zaidi zikiwa na manowari nyuma yake. Mwambie huyo binti kwamba walisikilizana kwa sababu kila mmoja aliliona panga la mwenzake.

Mzee wa Kota za Reli

Mwalimu binti yangu, na wewe Afande, salamu kutoka Tororo. Mjukuu wangu ndiye anayechapa, mimi nasema, kwa hiyo nikizunguka mnivumilie.

Oktoba ile nilikuwa na miaka kumi na miwili. Baba alikuwa fundi wa reli na tulikaa kota za reli, ambako Mteso, Mjaluo, Mjapadhola na karani wa Kihindi wote walikutana katika Kiswahili. Tarehe 9 tulikuwa tumepata Uhuru. Nilikuwa bado nalala na kikombe cha bati nilichopewa shuleni siku ya bendera, sikutaka ndugu zangu wakiguse. Wiki mbili baadaye baba akarudi kazini, hakuvua hata viatu, akatunyamazisha sote na kuweka sikio kwenye redio, Idhaa ya Kiswahili ya BBC. Kennedy alikuwa amehutubia Jumatatu tarehe 22 saa moja jioni kwao, na kwetu ilikuwa saa nane ya usiku wa kuamkia Jumanne. Mama akauliza Cuba iko wapi. Baba hakujua. Akasema tu kwamba moshi wa mabomu yale hauulizi mpaka. Usiku ule nililia, na nimekuwa nikisoma habari za siku zile maisha yangu yote.

Kwanza wanafunzi wako wajue kwamba Uganda haikuwa mbali na jambo lile. Tarehe 22 hiyohiyo, saa chache kabla ya hotuba, Kennedy alimpokea Ikulu yake Waziri Mkuu wetu, Milton Obote. Nchi yetu ilikuwa na siku kumi na tatu tangu ipate Uhuru. Na tarehe 25 Uganda ikakubaliwa kuwa mwanachama wa 110 wa Umoja wa Mataifa. Ndiyo siku ileile ambayo Baraza la Usalama lilikuwa likitetemeka, Adlai Stevenson wa Marekani akimbana Valerian Zorin wa Umoja wa Kisovieti na kuwaonyesha watu picha za makombora. Tulipiga hodi kwenye nyumba siku ambayo wakubwa wa nyumba walikuwa wameshikana mashati.

Sasa, Afande, nakuheshimu, ila nina swali kwako. Manowari zile zilizuia nini? Zilizuia meli zilizokuwa bado njiani. Makombora yenyewe, yale ya R-12 yenye uwezo wa kufika kilomita 2,000 hivi, yalikuwa yameshashuka nchi kavu pamoja na vichwa vyake vya nyuklia. Ndege ya upelelezi iliyapiga picha tarehe 14, siku tano tu baada ya Uhuru wetu. Kutoka Cuba hadi pwani ya Florida ni karibu kilomita 150, pungufu ya safari ya Tororo hadi Kampala. Meli zikigeuka, makombora yaliyoko Cuba yanabaki palepale, yanaendelea kuunganishwa. Ndiyo maana Jumatano, siku unayoisema wewe, haikumaliza kitu. Siku mbaya kuliko zote ilikuwa Jumamosi, tarehe 27.

Kennedy alionyeshwa zile picha tarehe 16, na siku ya kwanza karibu kila mtu mezani pake alitaka kupiga. Yeye mwenyewe alitaka. Lakini walikaa na jambo lile kimya kwa siku sita, wakabishana, na kadiri walivyobishana ndivyo lile wazo la kupiga lilivyozidi kuonekana la hatari. Wakuu wa majeshi hawakulegea. Kilichochaguliwa ni kuzingira, na hata jina walilichagua kwa uangalifu: waliita karantini, kwa kuwa kuizingira nchi kwa jina lake halisi ni tendo la vita. Kwa hiyo, Afande, manowari zile mimi naziona kama mtu aliyesimama mlangoni akanyoosha mikono kuzuia njia ili wazee wapate muda wa kufika. Zilinunua siku. Mwenye kuzitumia siku hizo alikuwa mtu mwingine.

Mmoja wao ni U Thant, Mburma, aliyekuwa bado kaimu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa. Tarehe 24 aliwaandikia wote wawili barua moja: simamisheni kwa wiki mbili tatu, mmoja aache kupeleka silaha, mwingine aache kuzingira, tuzungumze. Kesho yake akaandika tena, akamwomba Khrushchev aziweke meli zake mbali na mstari wa manowari kwa muda, na Kennedy ajitahidi zisigongane. Wakakubali. Watu huipita habari hii haraka, na mimi huwa inaniuma. Khrushchev hangeweza kusimama mbele ya wenzake Moscow akasema, "Kennedy ameniamuru nisimamishe meli, nimesimamisha." Lakini kusema, "Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa ametuomba, nasi kwa ajili ya amani tumeitika," hilo liliwezekana. Meli ni zilezile, bahari ni ileile. Kilichobadilika ni nani amemwomba.

Ijumaa tarehe 26 ikaja barua ndefu ya Khrushchev mwenyewe, ya mtu aliyeviona vita. Alisema wao wawili wameshika ncha mbili za kamba yenye fundo la vita katikati, na kila wanavyovuta ndivyo fundo linavyokaza, mpaka itafika siku hata aliyelifunga hataweza kulifungua, itabidi likatwe. Akapendekeza: ninyi ahidini hamtaivamia Cuba, basi haja ya silaha zetu kule itakwisha. Kumbukeni kwamba Aprili 1961 Marekani ilikuwa imewapeleka Wacuba waliofunzwa na mashushushu wake wakavamia Ghuba ya Nguruwe, wakashindwa. Hofu ya Cuba ilikuwa na sababu.

Kisha Jumamosi. Asubuhi Redio Moscow inatangaza barua ya pili, ngumu kuliko ya kwanza: nanyi ondoeni makombora yenu ya Uturuki. Marekani ilikuwa imeweka Uturuki makombora 15 ya Jupiter, jirani kabisa na ardhi ya Wasovieti. Saa chache baadaye ndege ya upelelezi inatunguliwa juu ya Cuba na rubani, Meja Rudolf Anderson, anakufa. Siku hiyohiyo ndege nyingine ya Marekani inapotea njia huko kaskazini na kuingia anga ya Wasovieti. Mipango iliyokuwepo ilisema ndege ikitunguliwa, wanajibu kwa kupiga. Kennedy akasema tusubiri.

Hapo ndipo nataka ufike na yule binti yako. Mezani pa Kennedy alikuwepo mtu anaitwa Llewellyn Thompson, aliyekuwa balozi Moscow kwa miaka mitano na kumjua Khrushchev kama mtu. Kennedy alikuwa amekata tamaa, anaona bila kuitoa Uturuki hakuna njia. Thompson akambishia Rais wake. Maana ya maneno yake ilikuwa kwamba jambo kubwa kwa Khrushchev ni kuweza kusema, "Nimeiokoa Cuba, nimezuia uvamizi." Katika chumba kile, huyo ndiye aliyeuliza mwenzetu atarudi kwao na nini mkononi.

Basi wakaijibu ile barua ya kwanza, ya Ijumaa, hadharani: tunaahidi kutoivamia, ondoeni. Na usiku wa Jumamosi, karibu saa mbili kasorobo, Robert Kennedy, mdogo wake Rais na Mwanasheria Mkuu, akakutana ofisini kwake na balozi wa Kisovieti, Anatoly Dobrynin. Walikuwa wawili tu. Akamwambia habari ya Uturuki pia itamalizwa, makombora yale yataondoka baada ya miezi minne au mitano hivi, ila isitangazwe. Mkilisema, halipo.

Kesho yake Jumapili tarehe 28, Redio Moscow ikatangaza kwamba makombora ya Cuba yanafunguliwa na kurudishwa. Saa yetu na ya Moscow ilikuwa moja: saa kumi na moja jioni. Baba alikuwa nje anakata kuni. Mama ndiye aliyesikia kwa jirani, akaja mbio.

Nilikaa uenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji, kijijini petu kwa miaka mingi, na nitawaambia kwa nini hadithi hii naiamini. Majirani wawili waligombana. Mmoja alisogeza seng'enge hatua mbili ndani ya shamba la mwenzake, mwenzake akajibu kwa kung'oa mihogo ya mke wa huyu. Walikuja barazani chini ya mwembe, kila mmoja na panga, na ndugu zao nyuma yao. Mbele ya watu wale hakuna hata mmoja ambaye angerudi nyuma hatua moja. Nikavunja kikao, nikaenda kwa kila mmoja usiku, nyumbani kwake, peke yangu. Tukakubaliana hivi: aliyeng'oa mihogo ataleta miche mipya mbele ya baraza, watu waone. Aliyesogeza seng'enge ataihamisha baada ya mavuno, kimya, bila baraza. Na yule wa mihogo, siku akijigamba kwenye pombe ya malwa kwamba amemhamisha mwenzake, mapatano yamekufa. Hakujigamba. Seng'enge ilihama mwezi wa nane. Watoto wao wameoana.

Kwa hiyo, binti yangu, mwenye panga anasikia, ikiwa maneno yanamfikia mahali ambapo ndugu zake hawamwoni. Makombora ya Uturuki yaliondolewa Aprili 1963, na dunia haikujua kwa miaka mingi kwamba yalikuwa sehemu ya bei. Kitabu chenu kimeandika kile kilichofanyika barazani.

Binti wa Bombo

Mzee, shikamoo. Nimesoma mara mbili, nikamsomea na bibi yangu. Lakini naomba niongeze kwa upande wa Cuba, maana naona wote mnazungumza kama kwamba kisiwa kile hakikuwa na watu.

Fidel Castro, kiongozi wa Cuba, alijua kwamba makombora yanaondoka kwa kusikia redioni kama mtu mwingine yeyote. Hakuna aliyemuuliza. Alikasirika sana, akatoa masharti yake matano, mojawapo likiwa Marekani itoke kwenye kituo chake cha Guantánamo. Hakuna hata moja lililokubaliwa. U Thant aliruka hadi Havana tarehe 30 kumwomba akubali wakaguzi wa Umoja wa Mataifa, naye akakataa: kama mmeahidi kwa niaba yangu, kagueni kwenu. Hatimaye makombora yalihesabiwa baharini, yakiwa juu ya meli, kwa ndege na manowari za Marekani. Mimi nikisoma hivyo najiweka mahali pa mwanamke wa Havana. Wakubwa wamepatana, lakini walipatana juu ya kichwa changu.

Na Afrika nayo ilifanya kitu. Ndege za Kisovieti kutoka Moscow hadi Cuba zingehitaji kutua mahali kunywa mafuta, na uwanja wa Conakry ulijengwa kwa msaada wa Wasovieti wenyewe. Sékou Touré wa Guinea alikataa wasiutumie. Senghor wa Senegal naye akakataa Dakar. Guinea ilikuwa na miaka minne tu ya uhuru, Senegal miwili. Baraza la Usalama lilikuwa na Ghana na Misri ndani yake, na walikuwa miongoni mwa waliomsukuma U Thant aandike. Mwalimu, naomba hili uliweke darasani. Watoto wetu wasidhani kwamba siku ile Waafrika walikuwa wameketi tu wakisubiri majivu.

Afande Mstaafu

Mzee, hoja ya makombora kuwa tayari nchi kavu imenikalisha. Nilikuwa nimeisahau, na nakubali kwamba kugeuka kwa meli hakukumaliza mambo. Nitaongeza moja la kijeshi, na safari hii liko upande wako.

Jumamosi hiyohiyo manowari za Marekani zilikuwa zinaifukuza nyambizi ya Kisovieti, B-59, karibu na Cuba. Walikuwa wanaangusha mabomu madogo ya kuishtua ili iibuke juu. Wasichokijua ni kwamba ilikuwa na torpedo moja yenye kichwa cha nyuklia. Ndani joto lilikuwa limepita nyuzi 45, betri zinakwisha, hewa nzito, watu wanaanguka, na mawasiliano na Moscow hakuna. Nahodha, Valentin Savitsky, akadhani vita vimeshaanza juu. Kwa simulizi za waliokuwemo, aliamuru torpedo ile itayarishwe. Aliyemtuliza ni Vasili Arkhipov, mnadhimu mkuu wa kikosi cha nyambizi zile, ambaye kwa bahati alikuwa anasafiri katika nyambizi hiyo. Nyambizi ikaibuka, ikaenda zake. Wamarekani walikuja kuyajua haya baada ya miaka mingi.

Nimewahi kukaa kwenye handaki usiku kucha na kijana mwenye kidole kwenye bunduki, sauti kutoka makao makuu haiji. Kwa hiyo naiona ile nyambizi kwa macho yangu. Mazungumzo ya wakubwa yalikuwa yanaendelea Washington, na chini ya maji kulikuwa na watu ambao hawakuwa na habari nayo. Mzee, kama Arkhipov angekuwa kwenye nyambizi nyingine, barua zako zote zingesomwa na nani?

Mwalimu wa Malaba

Jamani, sijui niseme nini. Nimeandika kurasa sita kwenye daftari. Asante Mzee, asante Afande, asante dada wa Bombo. Hilo la Conakry na Dakar sikuwahi kulisikia tangu nizaliwe, nami nina shahada ya historia. Nimeona uchungu.

Nina maswali mawili ya kumalizia. Barua hizi zilisafirije? Wanafunzi wangu wanadhani palikuwa na simu nyekundu mezani. Na la pili, baada ya Jumapili ile ilikuwaje? Kitabu kinakomea pale.

Mzee wa Kota za Reli

Afande, swali lako sina jibu lake, na nimelala nalo. Nakubali. Muda walioununua wakubwa ulikuwa mikononi mwa vijana wasiojua kwamba umenunuliwa. Ndiyo sababu naona kila saa waliyochelewesha ilikuwa na hatari yake, na bado ilikuwa bora kuliko kutochelewesha.

Mwalimu, simu nyekundu haikuwepo. Barua ile ya Ijumaa ilipelekwa kwa mkono hadi ubalozi wa Marekani Moscow, ikatafsiriwa, ikawekwa kwenye msimbo wa siri, ikatumwa vipande vipande. Ilichukua karibu saa kumi na mbili kufika yote. Watu walikuwa wanangojea kujua kama watoto wao wataamka kesho, na barua iko njiani nusu siku. Dobrynin naye, akitaka kuiarifu Moscow, ubalozi uliita kampuni ya simu za maandishi, na kijana Mweusi alikuja kwa baiskeli kuchukua ujumbe huo. Balozi alisimulia baadaye kwamba walikuwa wakiomba tu asisimame njiani kumsalimia msichana. Fikiri, Mwalimu: maneno aliyotoka kuyasema Robert Kennedy usiku ule, yako mfukoni mwa kijana wa baiskeli, kama wale vijana wa kwanza wa boda boda waliokuwa wanavusha watu Busia. Kwa sababu ya ucheleweshaji huo, Khrushchev ndiyo maana alisomesha barua zake redioni. Redio ilikuwa na mwendo kuliko mabalozi. Juni 1963 wakatia saini Geneva mkataba wa kuunganisha Moscow na Washington moja kwa moja, na wala haikuwa simu, ilikuwa mashine za kuchapa maandishi. Waliona kwamba maandishi humpa mtu nafasi ya kufikiri kabla ya kujibu. Agosti mwaka huohuo wakatia saini Moscow mkataba wa kutolipua tena mabomu ya majaribio hewani, anga za juu na chini ya maji. Moshi ule aliousema baba.

Na swali lako la pili ndilo ninalolipenda. Jumapili ile haikuwa mwisho. Dobrynin alileta barua ya kuiweka ile habari ya Uturuki kwenye maandishi, na Robert Kennedy akairudisha, akasema neno limetolewa, litatimizwa, lakini karatasi haitakuwepo. Lilitimizwa. Upande wa Cuba, dada wa Bombo amesema kweli, mtu mdogo alikuwa ameachwa nje na alikuwa na hasira. Khrushchev akamtuma Anastas Mikoyan, naibu wake, akamtulize Castro. Alifika Havana tarehe 2 Novemba, na aliondoka moyoni akijua mkewe, Ashkhen, ni mgonjwa sana. Kesho yake ikaja habari kwamba amefariki. Mikoyan angeweza kurudi, hata Castro angemwelewa. Akabaki. Alikaa kule wiki tatu na zaidi, anabishana na watu waliojiona wamesalitiwa, kuhusu ndege za mabomu za IL-28 na silaha nyingine ndogo za nyuklia ambazo Wamarekani hata hawakujua kwamba ziko kisiwani. Ziliondoka zote. Kennedy akaondoa mzingiro tarehe 20 Novemba.

Sisi tuliolelewa kujua kwamba mtu haachi maiti ya nyumba yake, tunajua jambo lile lilimgharimu nini. Katika watu wote wa habari hii, huyo ndiye ninayemkumbuka mara nyingi zaidi, nikiwa shambani, nikiwa msibani.

Mwalimu wa Malaba

Leo ni Alhamisi, nimetoka darasani sasa hivi. Nilianza na Obote Ikulu ya Marekani, wakatulia kama maji ya mtungini. Yule mvulana wa "ukikaza" alinyoosha mkono akauliza kama Kennedy naye basi alirudi nyuma. Nikamwambia ndiyo, hatua ya Uturuki. Akaandika. Mjadala wa saa moja ulichukua vipindi viwili, na mwalimu wa hesabu akanikubalia.

Binti wa muuza samaki hakusema kitu hadi mwisho. Kisha akauliza swali moja, nami sikuwa na jibu, Mzee, nikamwambia nitakuletea wewe. Amesema: kama Mikoyan alibaki Havana, mke wake alizikwa na nani?

Mzee wa Kota za Reli

Mwambie Mikoyan alikuwa amekwenda Havana na mwanawe, Sergo. Huyo ndiye aliyerudi Moscow akamzika mama yake.